Daktari wa Mkataba na Mipaka ya Nafuu za Kisheria nchini Kenya

Mkataba wa muda maalumu, yaani ule unaotaja siku ajira itakapoanza na siku itakapokoma, umeenea katika hospitali za umma nchini Kenya, hasa tangu mwaka 2020, mpango wa Afya kwa Wote ulipowaingiza kazini wahudumu wa afya kwa mikataba ya miaka mitatu. Makala haya yanadai kwamba sheria inamlinda vyema daktari anayefutwa kazi mkataba wake ukiwa hai, lakini inamwacha mikono mitupu yule ambaye mwajiri anangoja tu muda wake uishe.

Kwa daktari wa kundi la kwanza, msingi ni Sheria ya Ajira ya 2007. Kifungu cha 41 kinamtaka mwajiri amweleze mfanyakazi sababu ya kutaka kumwachisha kazi, mbele ya mwenzake au mwakilishi wa chama, kisha asikilize utetezi wake. Kifungu cha 43 kinambebesha mwajiri jukumu la kuithibitisha sababu hiyo. Zamani aliyetumikia chini ya miezi 13 hakuweza kulalamika kwamba ameonewa, mpaka Mahakama Kuu ilipotangaza mwaka 2012 kuwa sharti hilo linakiuka Katiba, uamuzi uliomfaa sana daktari wa mkataba wa mwaka mmoja.

Hata hivyo, haki hiyo hupotea kwa urahisi. Daktari wa kaunti anatakiwa kwanza kukata rufaa katika Tume ya Utumishi wa Umma ndani ya siku 90, na anayekimbilia Mahakama ya Ajira na Mahusiano ya Kazi bila kupitia huko huenda kesi yake ikatupwa kabla ya kusikilizwa. Akishinda, hupewa malipo ya notisi na fidia isiyozidi mshahara wa miezi 12. Kurejeshwa kazini huamriwa kwa nadra, na ndani ya miaka mitatu tu tangu kufutwa. Unadra huo una mantiki katika duka dogo ambamo mwajiri na mwajiriwa hawawezi tena kutazamana usoni, lakini hauna mantiki katika hospitali ya kaunti, ambayo mwajiri wake ni taasisi na wagonjwa wake bado wanamhitaji daktari yuleyule.

Ugumu mkubwa zaidi umo katika kutohuishwa kwa mkataba. Mahakama zimeshikilia mara nyingi kwamba mkataba wa muda hujimaliza wenyewe, isipokuwa mfanyakazi athibitishe matarajio halali, yaani tegemeo lililojengwa na maneno au vitendo vya mwajiri, si matumaini yake mwenyewe. Kanuni hiyo ni sahihi, ila imefasiriwa kwa ufinyu. Kuhuisha mkataba mara kadhaa kwa kazi ambayo hospitali haiwezi kukosa ni kitendo cha mwajiri, na kifungu cha 41 cha Katiba, kinachomhakikishia kila mtu haki katika mahusiano ya kazi, kinatosha kukipa uzito. Ni kweli kwamba bajeti za kaunti hupungua, na hakuna mahakama inayoweza kuzua fedha. Lakini mwajiri anayeitaja bajeti na atakiwe kuonyesha kwamba nafasi yenyewe imefutwa, kwa maana akiwa amemweka daktari mwingine katika wadi ileile, kilichokwisha si kazi bali ni ulinzi wa yule aliyekuwa akiifanya.