Nshomile, yafa na undugu wa lugha: Kihaya kinahusianaje na majirani zake?

Huku kwenye maoni kuna ubishi hauishi. Mmoja anasema Kihaya ni Kinyankole kilichovuka mpaka. Mwingine anasema ni mtoto wa Kiganda. Wa tatu, huyu simtaji, anadai Wahaya lugha yao ina damu ya Kizungu, ndiyo maana wanapenda sana Kiingereza. Nikasema ngoja nikae chini niyaandike yote mahali pamoja, siku nyingine mtu akiuliza tunampa hii asome. Wale mnaolipia dakika hapo kafe, nitajitahidi nisizunguke.

Ila naanza na msiba, maana mimi somo hili sikulipata darasani.

SIMU KUTOKA KYOTERA

Kwetu ni Muleba, upande wa Ihangiro. Shangazi yangu, dada yake baba, aliolewa Uganda, ukishavuka Mutukula unaendelea mpaka karibu na Kyotera. Watoto wake wamekulia huko, lugha yao ni Kiganda. Miaka kadhaa iliyopita, Jumanne jioni, mwanawe wa kiume akanipigia simu analia. Nilisikia maneno mawili tu: "Maama yafa." Kabla sijauliza kitu simu ikakatika, nadhani salio liliisha.

Nikaenda kwa baba nikamwambia: shangazi amefariki leo. Sikuwa na shaka hata kidogo. Kwa Kihaya ukisema mtu yaafa, maana yake amekufa leo hii. Baba akapiga hesabu: amekufa leo Jumanne, kesho watu watakusanyika, mazishi Alhamisi au Ijumaa. Tukamsubiri baba mdogo aje na basi kutoka Mwanza, Alhamisi alfajiri tukaondoka.

Tumefika tumekuta udongo mbichi. Shangazi alikuwa amekufa Jumatatu, wakamzika Jumatano. Yule kijana hakukosea neno. Kwa Kiganda, mtu aliyekufa leo ni afudde, au yafudde. Yafa ni wa jana kwenda nyuma. Yeye alisema kwa usahihi kwa lugha yake, mimi nikasikia kwa usahihi kwa lugha yangu, na baba hakumzika dada yake.

Tangu siku hiyo ndipo nikaanza kutafuta: hizi lugha ni ndugu wa namna gani?

UNDUGU WA LUGHA UNAPIMWAJE?

Tuanzie Ulaya, maana huko ndiko kipimo hiki kilikofanyiwa kazi kwanza. Mwaka 1786 jaji mmoja Mwingereza aliyekuwa Calcutta, India, William Jones, alieleza kwamba Kisanskriti, Kigiriki na Kilatini zinafanana mno kuwa bahati tu, lazima zimetoka kwenye chimbuko moja. Wataalamu waliofuata wakajenga juu yake ukoo unaoitwa Kihindi-Kiulaya.

Chukua namba tatu. Kiingereza three, Kijerumani drei, Kifaransa trois, Kihispania tres, Kirusi tri. Ndugu hao. Sasa sikia Kifini: kolme. Kihungari: három. Kibaski cha mpakani mwa Ufaransa na Hispania: hiru. Kifini na Kihungari ni wa ukoo mwingine kabisa, na Kibaski hakina ndugu yeyote anayejulikana. Kwa hiyo ukisikia mtu anasema "lugha za Ulaya zote zimetoka Kilatini", mwambie hapana. Watoto wa Kilatini ni Kiitaliano, Kihispania, Kireno, Kifaransa, Kiromania na wengine wachache wa tawi hilo.

Fanya vilevile kwetu. Kiswahili tatu, Kihaya na Kinyankole ishatu, Kiganda ssatu, Kinyarwanda gatatu. Halafu muulize Mjaluo wa Mara: adek. Huyo ni jirani yetu ziwani lakini si wa ukoo wa Kibantu. Jina hilo Bantu lilianza kutumika kitaalamu kwa kazi ya Mjerumani Wilhelm Bleek, aliyechapisha sarufi linganishi mwaka 1862.

Tahadhari moja: maneno matupu yanadanganya, kwa sababu maneno yanaazimwa. Kiingereza kimejaa maneno ya Kifaransa tangu Wanormani walipoiteka Uingereza mwaka 1066, lakini ni ndugu wa Kijerumani. Kwa nini? Angalia mifupa yake. Mwingereza anasema sing, sang, sung. Mjerumani anasema singen, sang, gesungen. Kitenzi kinavunjika palepale kwa wote wawili, na kitu kama hicho si rahisi kukiazima dukani kama sukari. Kiswahili nacho kina maneno kibao ya Kiarabu, lakini m-tu wa-tu, ki-ti vi-ti, mifupa hiyo ni ya Kibantu. Ubishi wa Kiswahili kuwa Kiarabu unaishia hapo.

UKOO WETU WA ZIWANI

Lugha za Kibantu zinazozunguka Maziwa Makuu zina matawi. Tawi letu wataalamu wanaliita Rutara, jina lililotokana na Kitara, ule ufalme wa zamani wa upande wa Bunyoro. Waliomo:

1. Uganda: Runyoro, Rutooro, Runyankore na Rukiga.
2. Kagera: Kihaya (Bukoba, Muleba, Misenyi) na Kinyambo (Karagwe, Kyerwa).
3. Kusini na visiwani: Kizinza na Kikerewe.

Kiganda na Kisoga ni tawi la jirani, yaani watoto wa baba mdogo. Kinyarwanda, Kirundi, Kiha, na Kihangaza cha Ngara ni tawi lingine tena. Kwa hiyo Mhaya wa Muleba kwa lugha yuko karibu zaidi na Mkiga wa Kabale, nchi nyingine, kuliko na Mhangaza wa Ngara ambaye tuko naye mkoa mmoja.

Ushahidi unausikia kwa masikio yako:

Moto: Kihaya omulilo, Kinyankole omuriro, Kiganda omuliro, Kinyarwanda umuriro.
Kufanya: Kihaya okukola, Kinyankole okukora, Kiganda okukola, Kinyarwanda gukora.
Ulimi: Kihaya olulimi, Kinyankole orurimi, Kiganda olulimi, Kinyarwanda ururimi.

Umeona? Palipo na l kwa Mhaya, Mnyankole anaweka r, na si mara moja tu, ni kwa mpangilio. Huo mpangilio ndio wataalamu wanaoutafuta, kama vile p ya Kilatini inavyokuwa f kwa Mwingereza: pater ni father, piscis ni fish.

LUGHA AU LAHAJA?

Hapa ndipo ubishi wetu unapokwama. Mhaya na Mnyankole wakikaa pamoja wanaelewana kwa sehemu kubwa. Basi ni lugha moja? Angalia Ulaya tena. Mswidi na Mnorwe wanazungumza kila mtu kwa lugha yake na wanaelewana, lakini zinahesabika lugha mbili kwa sababu nchi ni mbili. Kinyume chake, Mswisi akiongea Kijerumani cha kijijini kwake, mtu wa Berlin anaweza kuachwa kabisa, na bado wote wanaambiwa ni Kijerumani. Yugoslavia ilipovunjika miaka ya 1990, Kiserbo-Kroatia kikagawanyika majina: leo kuna Kiserbia, Kikroatia, Kibosnia na Kimontenegro. Watu hawakuamka asubuhi na ndimi mpya, bendera ndizo zilizoongezeka.

Kwetu mpaka ulichorwa kwa rula. Mwaka 1890 Waingereza na Wajerumani walikubaliana kwamba magharibi ya ziwa mstari upite digrii 1 kusini mwa Ikweta. Hakuna aliyeuliza nani anaelewana na nani. Baadaye upande wa Uganda zile lugha nne zikapewa jina la pamoja, Runyakitara, na Chuo Kikuu cha Makerere kikaanza kulifundisha. Tangu mwaka 2007 mitaala ya Uganda inawaruhusu watoto wa darasa la kwanza hadi la tatu kusoma kwa lugha ya nyumbani. Sisi huku shuleni ni Kiswahili na Kiingereza. Kihaya tunakipata kwa bibi, asiye na bibi imekula kwake.

Hata hivyo si kwamba hakijaandikwa. Mwaka 1977 kilitoka kitabu cha sarufi yake huko California, wahariri wakiwa Ernest Byarushengo, Alessandro Duranti na Larry Hyman. Henry Muzale wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam aliandika tasnifu ya udaktari kuhusu nyakati za vitenzi vya Rutara mwaka 1998, na kamusi yake ya Kihaya, Kiingereza na Kiswahili ikatoka mwaka 2006.

NSHOMILE

Sasa tufike kwenye neno ambalo Tanzania nzima inatutania nalo. Nshomile, yaani "nimesoma", mtu mwenye majivuno ya elimu. Cheka, lakini tazama mkia wake: -ile.

Kihaya kina wakati uliopita wa ngazi tatu. Kwa kitenzi okukoma, kufunga kwa kamba:

Twaakoma: tumefunga leo.
Tukomile: tulifunga jana.
Tukakoma: tulifunga kabla ya jana, au zamani.

Mkia huohuo wa -ile hubeba pia hali iliyokwisha kutimia na bado ipo, ndiyo maana nshomile haina maana kwamba alisoma jana tu. Ngazi hizi tatu zimetufanya maarufu: Bernard Comrie alizitolea mfano katika kitabu chake Tense cha mwaka 1985, kinachosomwa na wanafunzi wa isimu duniani.

Mnyankole anazo zilezile: twakoma, tukomire, tukakoma. Ndugu wa tumbo moja huyo. Na -ile imesambaa mbali. Mzulu wa Afrika Kusini anayo: ngihambile, nimekwenda. Mashairi ya zamani ya Kiswahili cha Lamu na Mombasa yanayo. Kwa hiyo ukimcheka Mhaya kwa nshomile unacheka mfupa wa babu yako mwenyewe.

TURUDI KWA SHANGAZI

Mganda je? Naye ana mkia huohuo, ila umechakaa: kola inakuwa nkoze, fa inakuwa afudde. Lakini ngazi zake amezipanga upya.

Amekufa leo: Kihaya yaafa. Kiganda afudde au yafudde.
Alikufa jana: Kihaya afiile. Kiganda yafa.
Alikufa zamani: Kihaya akafa. Kiganda yafa.

Neno moja, sauti moja, siku mbili tofauti. Ulaya nako wapo waliopatwa: gift kwa Mwingereza ni zawadi, Gift kwa Mjerumani ni sumu, na wote wawili wametokana na neno la kutoa. Lugha ambayo ni mgeni kabisa haiwezi kukutega hivyo, kwa sababu hutaielewa na utauliza. Nisingejua Kiganda hata kidogo, jioni ile ningempigia mwanaye shangazi tena.

Kwa hiyo jibu la ubishi wenu ni hili. Kihaya si mtoto wa Kinyankole wala wa Kiganda. Kinyankole ni ndugu yake wa tumbo moja, Kiganda ni binamu. Wazungu hawamo katika ukoo huo.

Naomba Wanyambo, Wazinza, Wakerewe na Wahangaza mnaopita hapa mtuandikie hapo chini: kwenu mtu akifa leo mnasemaje, na akifa jana mnasemaje? Msiandike ya kubahatisha, muulizeni mzee mmoja kwanza. Na wenye ndugu ng'ambo ya Mutukula, mkipigiana simu za msiba tajeni siku kwa jina. Baba yangu sasa ana mazoea hayo. Simu ikilia usiku, kabla hajauliza ni nani, anauliza kwanza: siku gani?