Hongo, Utemi na Ubalozi: Habari za Mvumi

Katika karne ya 19, misafara iliyotoka Bagamoyo kwenda Tabora na Ujiji ilipita Ugogo. Baada ya nyika ya Marenga Mkali, wapagazi walifika Mvumi wakiwa na kiu. Na maji, nafaka na ruhusa ya kupita vyote vilikuwa mikononi mwa mtemi. Hapo ndipo ilipotolewa hongo: merikani, kaniki, shanga na masango. Mtemi alitaja kiasi, mkuu wa msafara akapunguza, wajumbe wakaenda na kurudi mpaka pande mbili zikaridhiana. Stanley, aliyepita mwaka 1871, aliandika habari za mapatano hayo kwa uchungu wa mtu aliyelipa.

Leo hongo kwa Kiswahili ni rushwa. Maana hiyo imehifadhi manung'uniko ya msafiri, lakini hoja ya mwenyeji imepotea. Kwa Wagogo, ilikuwa haki ya nchi ambayo mvua zake ni haba na njaa haiko mbali: mgeni na mamia ya wapagazi wake hawakuweza kunywa visima vya watu na kula akiba yao kisha wakaenda zao. Mtemi, mlinzi wa ardhi na mwombaji wa mvua, ndiye aliyesema na wageni kwa niaba ya wote. Utemi wa Ugogo ulikuwa na ubalozi ndani yake.

Utawala wa Wajerumani uliikomesha hongo, na reli ilipofika Dodoma mwaka 1910 misafara nayo ikaisha. Vita Kuu ya Kwanza ikachukua wapagazi, ng'ombe na nafaka, ikaacha njaa iitwayo Mtunya, iliyowaangamiza watu wengi sana. Chini ya Waingereza, Mtemi Mazengo wa Mvumi akawa mashuhuri kuliko watemi wenzake wa Ugogo. Lakini mgeni wa sasa hakuwa wa kupita. Yeye ndiye aliyedai kodi, na mtemi akatakiwa kuikusanya kwa watu wake. Mwaka 1963 sheria ya Tanganyika huru ikauondoa utawala wa machifu.

Miaka hiyohiyo mwana wa Ugogo aliyezaliwa mwaka 1934, John Samwel Malecela, alikuwa akiingia katika ubalozi wa namna nyingine. Hakurithi kiti cha Mazengo; njia yake ilikuwa elimu, hata akafika Chuo Kikuu cha Bombay. Tangu 1964 hadi 1968 aliiwakilisha Tanzania Umoja wa Mataifa, na mwaka 1967 aliongoza Kamati ya Watu 24 iliyoshughulikia ukombozi wa makoloni. Kamati hiyo ilitoka New York ikafanya vikao Kinshasa, Kitwe na Dar es Salaam. Mwaka 1986 alikuwa miongoni mwa wajumbe wa Jumuiya ya Madola waliokutana na Nelson Mandela katika gereza la Pollsmoor. Mapatano hayo yalivunjika Mei mwaka huo, majeshi ya Afrika Kusini yaliposhambulia Gaborone, Harare na Lusaka.

Mtihani mgumu ulimkuta nyumbani. Akiwa Waziri Mkuu, Zanzibar ilijiunga na OIC kisha mwaka 1993 ikajitoa, na wabunge 55 wakadai serikali ya Tanganyika. Mwalimu Nyerere alimlaumu waziwazi kwa jinsi alivyolishughulikia dai hilo, na Desemba 1994 uwaziri mkuu ukaenda kwa Cleopa Msuya. Kusema na wageni kwa niaba ya watu wa nyumbani ni kazi moja. Kuwapatanisha wa nyumbani wenyewe ni nyingine.

Jina la Mazengo lilipewa shule ya sekondari ya Dodoma iliyoitwa Alliance, na mwaka 2007 mahali hapo pakawa Chuo Kikuu cha Mtakatifu Yohana. Hongo nayo imebaki midomoni mwa watu kama tusi. Watunzi wa mashairi, ambao hulipima neno kabla ya kulitia katika mizani, wanajua hasara ya neno kubakiwa na ushahidi wa upande mmoja.