Mshambuliaji wa kulipwa: kutoka njia ya misafara hadi Ulaya

Mshambuliaji wa kulipwa huuza nguvu ya mwili wake kwa mkataba, mara nyingi ugenini, kwa ile miaka michache ambayo mwili unaruhusu. Tanzania ilianza kutoa washambuliaji wa aina hiyo katika miaka ya 1970. Magharibi mwa nchi, hata hivyo, mkataba wa nguvu za mwili ulikuwapo zaidi ya miaka mia moja kabla ya hapo.

Tabora, mji wenye kata ya Mtendeni, ulikua kwenye makutano ya njia za misafara: moja kwenda Bagamoyo, nyingine Ujiji, nyingine kaskazini hadi Buganda. Katika karne ya 19 mpagazi wa Kinyamwezi alibeba mzigo wa frasila mbili hivi, yaani takriban kilo 32, kwa mwendo wa miezi karibu mitatu kati ya Tabora na pwani. Alipatana ujira kabla ya kuondoka, akalipwa kwa nguo, akapewa posho njiani. Kazi hiyo ilikuwa na ngazi zake. Kijana aliyefika pwani na kurudi alihesabiwa kuwa mtu mzima, waliomudu pembe kubwa za ndovu waliheshimiwa, mnyampara alisimamia kundi, na kirongozi alitangulia mbele ya wote. Posho ikipunguzwa, wapagazi waliweka mizigo chini wakagoma.

Baadhi ya njia hizo zilivuka Ziwa Tanganyika hadi Katanga kulikokuwa na shaba. Humo Msiri, mtoto wa mfanyabiashara wa Kisumbwa kutoka Unyamwezi ya magharibi, aliunda utawala wa Wayeke wenye makao Bunkeya, akatawala hadi alipouawa mwaka 1891. Reli ya Kati ilipofika Tabora mwaka 1912 na Kigoma mwaka 1914, kazi ya upagazi ilidhoofika, na vijana wengi wakapeleka nguvu zao kwenye mashamba ya mkonge.

Wakati misafara ilipokuwa bado inatembea, Uingereza ilikuwa ikibishana kama mchezaji anastahili malipo. Mwaka 1895, mjini Huddersfield, klabu za ragbi za kaskazini zilijitenga na chama chao kwa sababu kilikataa wachezaji, wengi wao wafanyakazi wa migodi na viwanda, wafidiwe ujira wa siku waliyoacha kazi ili wacheze. Kutokana na mgawanyiko huo ilizaliwa ragbi ya ligi, mchezo wa watu 13 kila upande, ambamo washambuliaji wa mbele huishi kwa kubeba mpira na kugongana vifua. Mkenya Lucas Onyango aliicheza ragbi hiyo pembeni katika klabu za Widnes na Oldham. Kwa Watanzania, mlango wa malipo ulifunguliwa na soka.

Mlango huo ulichelewa kufunguka. Baada ya uhuru michezo nchini iliendeshwa kwa ridhaa, na mchezaji aliishi kwa kazi aliyopewa na kwa posho ya klabu. Sunday Manara, mwenye asili ya Kigoma, alikulia kisoka katika mazingira hayo. Tarehe 10 Agosti 1974, katika Uwanja wa Nyamagana mjini Mwanza, Yanga, klabu ya Manara, na Simba zilikutana kuamua ubingwa wa nchi. Simba ilitangulia kwa bao la Adam Sabu, Gibson Sembuli akasawazisha dakika za mwisho, na Manara akafunga la ushindi katika muda wa nyongeza. Kwa wepesi wa akili yake uwanjani mashabiki walimwita Kompyuta. Mwishoni mwa muongo huo alijiunga na Heracles ya Uholanzi, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza soka ya kulipwa Ulaya, kisha akacheza New York Eagles ya Marekani, St. Veit ya Austria na Al-Nasr ya Dubai. Alifungua njia, lakini hakuna klabu ya nyumbani iliyokuwa na utaratibu wa kumtoa mwingine nyuma yake.

Ngazi kamili ilionekana kwa Mbwana Samatta, aliyezaliwa mwaka 1992. Alitoka African Lyon akaenda Simba, na mwaka 2011, baada ya kuichezea Simba dhidi ya TP Mazembe katika mashindano ya Afrika, klabu hiyo ya Lubumbashi, Katanga, ikamsajili. Thomas Ulimwengu naye alijiunga nayo mwaka huohuo. Vijana hao wawili walikwenda kutafuta ujira Katanga, kulekule walikokwenda Wanyamwezi wa zamani, na wakakuta Kiswahili kinazungumzwa mitaani. Mwaka 2015 Mazembe ilitwaa Ligi ya Mabingwa Afrika, Samatta akifunga katika mechi zote mbili za fainali dhidi ya USM Alger. Januari 2016 alitangazwa mchezaji bora wa Afrika miongoni mwa wanaocheza barani, na mwezi huohuo akahamia Genk ya Ubelgiji.

Akiwa Genk alipanda ngazi nyingine: ubingwa wa Ubelgiji mwaka 2019 na Kiatu cha Ebony, tuzo ya mchezaji bora mwenye asili ya Afrika katika ligi hiyo. Januari 2020 alisajiliwa na Aston Villa, akawa Mtanzania wa kwanza kucheza Ligi Kuu ya England. Tarehe 1 Machi 2020 alifunga kwa kichwa Wembley katika fainali ya Kombe la Ligi, ingawa Manchester City ilishinda 2-1. Baadaye alicheza Uturuki, Ugiriki na Ufaransa.

Kila mchezaji anapouzwa kutoka nchi moja kwenda nyingine kabla ya mkataba wake kwisha, kanuni za FIFA hutenga asilimia 5 ya fedha za uhamisho kwa klabu zilizomlea tangu mwaka wa umri wa miaka 12 hadi wa 23. Klabu hupata asilimia 0.25 kwa kila mwaka wa malezi hadi miaka 15, na asilimia 0.5 kwa kila mwaka baada ya hapo. Fedha hizo hufuata kumbukumbu za usajili. Mtoto anayecheza Mtendeni bila kuandikishwa hana klabu itakayolipwa kwa ajili yake, hata akifika Wembley. Mwaka 2023 Tabora ilirudi Ligi Kuu kupitia Tabora United, na Uwanja wa Ali Hassan Mwinyi ukapata tena mechi kubwa. Mji ulioujua mkataba wa mpagazi una kazi moja iliyo wazi: kuwaandikisha watoto wake mapema, kuwafundisha, na kutunza karatasi zao.