Joka katika Elimu ya Wanyama

Yamkini hapana mnyama asiyekuwapo aliyeandikwa sana kama joka la Ulaya. Mswahili akisema joka, aghalabu hukusudia nyoka mkubwa mno. Joka la Ulaya lilizidi nyoka: lilikuwa na miguu, mara nyingi na mabawa, na kinywa chake kilisemwa kuwa kilitema moto. Tena halikukaa katika ngano peke yake. Kwa karne nyingi lilikuwa na mahali pake katika vitabu vya wanyama, pamoja na nyoka na mijusi, na wataalamu wenye akili timamu walieleza makao yake, chakula chake na sumu yake. Basi watu wa elimu walipataje kuandika maisha ya mnyama ambaye hakuzaliwa?

Jibu jepesi ni kusema kuwa walikuwa wajinga. Jibu hilo si la haki, maana joka lilikuwa na ushahidi. Katika mji wa Klagenfurt, nchini Austria, palikuwa na fuvu kubwa ambalo, kwa mapokeo ya wenyeji, lilichimbuliwa mwaka 1335. Lilisadikiwa kuwa fuvu la joka lililowatisha watu katika kinamasi kabla mji haujajengwa. Mwishoni mwa karne ya 16 sanamu ya joka hilo ilichongwa katika jiwe moja, nayo ingali imesimama mjini hata leo. Fuvu lilikuwa la kweli, lakini halikuwa la joka. Lilikuwa la kifaru mwenye manyoya, aliyeishi Ulaya katika zama za barafu na ambaye jamii yake imekwisha toweka. Jambo hilo halikutambuliwa mpaka karne ya 19. Watu wa Klagenfurt hawakusema uongo juu ya kile walichokiona. Waliona mfupa usiolingana na wa mnyama yeyote waliyemjua, wakaupa jina walilokuwa nalo.

Ushahidi wa pili ulikuwa mzito zaidi, kwa sababu haukuwa mfupa bali mwili mzima. Tarehe 13 Mei 1572, mchungaji mmoja karibu na Bologna, nchini Italia, alisemekana kuua kwa fimbo kiumbe mfano wa nyoka mwenye miguu miwili. Siku hiyo hiyo Ugo Boncompagni, mzaliwa wa Bologna, alichaguliwa kuwa Papa Gregory XIII, na nembo ya ukoo wake ilikuwa joka. Watu walinong'ona kuwa hiyo ni ishara. Mzoga ulifikishwa kwa Ulisse Aldrovandi, mwalimu wa chuo kikuu cha mji huo. Yeye hakuuendea kwa ubashiri. Aliuhifadhi, akataka uchorwe picha ya rangi, akaandika siku, mahali na namna ulivyopatikana. Kitabu chake cha nyoka na majoka kilichapwa mwaka 1640, miaka 35 baada ya kufa kwake.

Ushahidi wa tatu ulikuwa Hamburg, nchini Ujerumani. Huko kulitunzwa kiumbe mwenye vichwa saba, mashuhuri katika Ulaya, aliyetajiwa bei kubwa. Mwaka 1735 Carl Linnaeus, kijana kutoka Sweden ambaye hajatimiza miaka 30, alipita katika mji huo akaomba kumwona. Hakuanza na sifa za kiumbe huyo. Alianza na meno yake. Aliona kuwa taya na miguu ni ya kicheche, na kwamba ngozi za nyoka zimebandikwa juu yake. Alitangaza aliyoyaona, na thamani ya kiumbe ikaanguka. Linnaeus aliondoka mjini upesi, kwa kuhofia hasira ya wenye mali. Ukweli uliomnufaisha kila msomaji wa baadaye ulimgharimu msemaji wake usalama.

Ni rahisi sasa kumsifu Linnaeus na kumcheka Aldrovandi. Mimi sikubali kicheko hicho. Ni kweli kuwa Aldrovandi aliuliza mzoga umetoka wapi, umeletwa na nani na umeonekana lini, lakini hakuuliza vya kutosha kama ulikuwa mwili wa mnyama mmoja. Walakini hakuficha kitu. Kwa sababu picha na maelezo yake yalibaki, wataalamu wa karne yetu waliweza kuyachunguza upya, wakaona dalili za viungo vilivyounganishwa kwa mkono: nyoka wa kawaida, kiwiliwili cha samaki, miguu ya chura. Kosa lililoandikwa kwa uaminifu lilihifadhi dawa yake. Kama angeandika tu kwamba majoka yapo, bila siku, mahali wala picha, tusingekuwa na la kumjibu ila kukataa kwa ukali kama alivyokubali.

Mwaka 1758 Linnaeus alitumia jina la kisayansi la Draco, yaani joka, kwa mjusi mdogo wa Asia ya Kusini-Mashariki ambaye huteleza hewani kutoka mti hadi mti kwa ngozi iliyotandwa juu ya mbavu zake. Jina lililotisha miji liliishia kwa mnyama wa kukaa kiganjani. Joka lenyewe lilirudi katika hadithi, na humo limestawi: Smaug, joka la kitabu cha J. R. R. Tolkien kilichotoka mwaka 1937, hulalia hazina yake bila kuhitaji mtaalamu wa kumthibitisha. Hapo ni mahali pake pa haki. Katika elimu, kila atakayetuletea kiumbe cha ajabu na tumpokee kwa heshima, kisha tutazame meno na mishono. Na tukikosea, tuandike kwa namna ambayo atakayekuja baada yetu ataweza kutusahihisha.