Bendi Kabla ya Nyota: Filamu za Fanki na Muziki wa Mvita

Mwaka 2014 James Brown alitengenezewa filamu mbili. Ya kwanza, Get on Up ya mwongozaji Tate Taylor, ilikuwa ya kuigiza, na Chadwick Boseman ndiye aliyevaa suti zake na kupiga magoti jukwaani kama yeye. Ya pili, Mr. Dynamite ya Alex Gibney, ilikuwa ya hali halisi. Katika ile ya kuigiza kuna onyesho linalofaa kutazamwa mara mbili. Bendi iko mazoezini, mpiga saksafoni Maceo Parker analalamika kwamba muziki haukai sawa, na Brown anawauliza wanamuziki wake mmoja mmoja wameshika chombo gani. Mwenye gita akijibu gita anasahihishwa: hiyo ni ngoma. Mwenye kupuliza naye vilevile. Hatimaye chumba kizima kimegeuka ngoma tupu. Ni onyesho zuri, na ndani yake mna ukweli wa kimuziki, ila filamu yenyewe inakwenda kinyume nalo. Kwa zaidi ya saa mbili tunamwona mtu mmoja aliyezua kila kitu kichwani mwake, na wenzake wakimfuata nyuma wakitokwa na jasho.

Historia haisemi hivyo. Wimbo Cold Sweat wa 1967, ambao wengi huuhesabu kuwa mlango wa kuingilia fanki, Brown aliutunga pamoja na mpiga saksafoni Alfred Ellis, aliyejulikana kama Pee Wee, na mdundo wake ulitoka mikononi mwa mpiga dramu Clyde Stubblefield. Huyo Stubblefield ndiye anayesikika katika Funky Drummer, kipande kilichokatwa na kurudiwa na watayarishaji wa hip hop mara zisizohesabika, naye hakutambuliwa kisheria kuwa mtunzi. Ukiondoa besi katika wimbo wa fanki, au lile gita linalokwaruza mapigo mafupi mafupi, haubaki wimbo uliopungua kidogo. Hubaki mtu anayepiga kelele peke yake. Kwa hiyo nadai kwamba fanki ni kazi ya kundi, na filamu inayoisimulia kwa maisha ya mtu mmoja huipotosha hata pale isipodanganya. Nadai pia kwamba Mombasa ina sababu kubwa zaidi kuliko Marekani ya kuikwepa njia hiyo siku itakapotengenezewa filamu yake.

Tuangalie waliokuwapo. Miaka ya 1960 Sal Davis, mzaliwa wa Mombasa, alikuwa akiimba na kurekodi Uingereza. Muongo uliofuata ukaja na Slim Ali, naye mwana wa Mvita, aliyeimba kwa Kiingereza na Hodi Boys kwa sauti ambayo msikilizaji asiyejua angeihesabu kuwa ya Mmarekani. Lakini Slim Ali huyohuyo aliimba Sina Raha pamoja na Hafusa Abasi, kwa Kiswahili, wakisindikizwa na bendi ya Yahoos. Wimbo huo na Mama Matotoya wa Mombasa Vikings zilirudi sokoni mwaka 2013 kampuni ya Soundway ya Uingereza ilipotoa mkusanyo wa Kenya Special. Kisha kuna bendi mbili ambazo hazisimuliki kabisa kwa jina moja: Them Mushrooms ya ndugu wa ukoo wa Harrison, na Mombasa Roots ya ndugu wa ukoo wa Juma. Bendi ya ndugu haina nyota na wasindikizaji. Ina kaka na mdogo wake, anayeshika besi kwa sababu gita limeshachukuliwa.

Mombasa Roots ndio ushahidi wangu mkubwa, na hapa inafaa kutua. Chakacha ni ngoma ya wanawake, ngoma ya harusi. Leso hufungwa kiunoni, ngoma ya chapuo huchangamka juu na ya vumi hunguruma chini, na mapigo hugawanyika matatu matatu hivi kwamba kiuno hakipati pa kupumzikia. Disco Chakacha, wimbo wao wa miaka ya 1980, ulichukua mwendo huo na kuugawia vyombo vya umeme. Sikiliza besi: inafanya kazi ya vumi. Sikiliza matoazi ya dramu na gita la juu: yanafanya kazi ya chapuo. Chini yake mguu wa mpiga dramu unapiga sawasawa, kwa mwendo wa disko, ili mgeni asiyejua chakacha apate mahali pa kukanyaga. Ni kanuni ileile ya kugeuza kila chombo kuwa ngoma, isipokuwa wanawake wa mitaa ya Kuze na Kibokoni hawakuhitaji kufundishwa na mtu wa Georgia kama Brown. Fanki iliwapa vijana wa bendi ruhusa, na nyaya za umeme. Hesabu ya mapigo waliikuta nyumbani, kwenye ngoma za mama zao.

Wapo watakaopinga kwamba huo ulikuwa muziki wa hoteli, wa kuwachezesha Wajerumani na Waingereza huko Nyali, Bamburi na Diani, na kwamba urithi wa Mji wa Kale wa Mombasa ni taarabu. Hoja hii ina uzito kwa upande mmoja: hoteli ndizo zilizolipa, na mlipaji ana sauti katika kuchagua nyimbo. Lakini anayeitoa na aitumie kwa haki. Taarabu yenyewe ilipokea fidla na mtindo wa okestra za Misri, na Juma Bhalo, kipenzi cha Mombasa hadi alipofariki mwaka 2014, alijenga jina lake kwa mahadhi ya filamu za Kihindi, zilizokuwa zikiwajaza watu katika sinema za kisiwani kama Naaz na Majestic. Hakuna anayemwambia marehemu Bhalo kwamba hakuwa Mswahili kwa sababu mahadhi yalitoka Bombay. Sikio lililokubali Bombay na Kairo haliwezi kugeuka kiziwi ghafla mbele ya fanki ya Marekani. Isitoshe, kile kilichofanyika hotelini hakikubaki hotelini. Taarabu ya kisasa iliyovuma Zanzibar na Dar es Salaam kuanzia miaka ya 1990, kwa vinanda vyake na besi nzito, imesimama sana juu ya mwendo wa chakacha uliotiwa umeme. Wasanii wa Mombasa hawakuwa peke yao katika kazi hiyo, lakini walikuwa mapema.

Pingamizi la pili ni gumu zaidi. Mtazamaji, watasema, hununua tiketi kumwona mtu, na bendi bila uso haikumbukwi. Tena ushahidi wake uko hapahapa pwani: Jambo Bwana ya Them Mushrooms imeimbwa karibu dunia nzima tangu mwanzoni mwa miaka ya 1980, Boney M. waliitoa upya mwaka 1983, na watalii wengi wanaoiimba wakidhani ni wimbo wa kale usio na mwenyewe hawajawahi kulisikia jina la mtunzi wake, Teddy Kalanda Harrison. Je, hapo si kukosa nyota ndiko kulikowaponza? Sidhani. Kilichowaponza ni kutotajwa kabisa, na hilo haliponywi kwa kumtaja mmoja na kuwaficha waliosalia. Ndivyo alivyofichwa Stubblefield. Filamu ya kundi inawezekana, na imeshafanyika. Soul Power ya Jeffrey Levy-Hinte inafuata tamasha la Kinshasa la Septemba 1974, na ingawa Brown ndiye kilele chake, kamera inakaa pia na mafundi wanaojenga jukwaa na wanamuziki wengine. Summer of Soul ya Questlove, iliyotoka 2021 na kushinda Oscar, haina mhusika mkuu hata mmoja. Mhusika ni mtaa wa Harlem wa mwaka 1969.

Lakini filamu hizo mbili zilikuwa na bahati ambayo Mombasa haina. Picha za Kinshasa, kwa sehemu kubwa, zilikaa hadi 2008, na za Harlem zilikaa zaidi ya miaka 50, ila zilikuwapo. Mtayarishaji wa Mombasa atalazimika kuanza na santuri, picha za studio, mikataba ya hoteli na kumbukumbu za watu. Njia imekwisha kuonyeshwa. Mwaka 2011 Ketebul Music ya Nairobi, chini ya Tabu Osusa, ilitoa Retracing Kenya's Funky Hits: kijitabu, nyimbo na filamu ya hali halisi katika kifurushi kimoja, wanamuziki wenyewe wakisimulia. Kazi hiyo inastahili sifa kuliko iliyopata. Upungufu wake, kwa macho ya mtu wa pwani, unatokana na upana wake: inaitazama Kenya nzima, hivyo kisiwa kinapewa nafasi ya mgeni mwalikwa, na uhusiano wa besi na vumi, ambao ndio kiini cha mambo huku, haupati muda wa kuchambuliwa.

Sheria si kikwazo cha kuuhifadhi muziki huu. Kenya iliridhia mkataba wa UNESCO wa urithi usioshikika mwaka 2007, na mwaka 2016 Bunge likapitisha sheria ya kulinda maarifa ya jadi na sanaa zake. Hata hivyo, tukitamka urithi wa Mji wa Kale fikira hukimbilia milango ya nakshi, roshani na Ngome ya Yesu, iliyoingizwa katika orodha ya urithi wa dunia mwaka 2011. Mlango uliochongwa unaweza kungoja mwaka mwingine mmoja. Mpiga besi wa miaka ya 1970 huenda sasa ni mzee wa zaidi ya miaka 70. Basi mwenye santuri za Mzuri, ile lebo ya Assanand na Wanawe wa Mombasa, au kanda za Mbwana Radio Service, au picha ya bendi iliyopigwa kabla ya onyesho la hoteli, asizitupe wakati wa kuhama nyumba. Na aandike nyuma ya picha hiyo majina ya wote waliosimama, akianza na yule wa pembeni kabisa.