Songea: Matanga Ambayo Hayajaanuliwa

Ukiishi Songea, jina la nduna Songea Mbano unalitaja kila siku bila hata kufikiri: ukikata tiketi ya basi, ukijaza fomu, ukimjibu mtu simuni kwamba uko wapi. Mji mzima unaitwa kwa jina lake. Mwenyewe, kwa imani ya ukoo wake, amelala hapa bila kichwa.

Tuliosoma shule tunaijua Maji Maji kwa muhtasari: 1905 hadi 1907, dawa ya Kinjikitile, bunduki za Wajerumani, basi. Hapa mjini ina tarehe yake. Februari 27, 1906 Wajerumani waliwanyonga wapiganaji zaidi ya 60 na kuwafukia katika kaburi moja. Nduna Songea aliuawa siku chache baadaye. Wazee husimulia kwamba alipewa nafasi ya kuishi akaikataa, akataka kuwafuata wenzake. Alizikwa peke yake, na ukoo wa Mbano unaamini kichwa chake kilikatwa kikapelekwa Ujerumani.

Hapo ndipo inapoanzia filamu ya *The Empty Grave*, yaani kaburi tupu, iliyooneshwa kwenye tamasha la Berlin mwaka 2024. Waongozaji ni wawili: Cece Mlay, Mtanzania, na Agnes Lisa Wegner, Mjerumani. Wanamfuata mwanasheria John Mbano na mkewe Cesilia wakimtafuta babu yao, na ukoo wa Kaaya wa Meru, ambao Mangi wao Lobulu alinyongwa mwaka 1900.

Nilichokipenda ni mahali kamera ilipokaa. Vitabu vyetu vikishaandika "shujaa" hufunga sura. Filamu inakaa na familia, na kwa familia huyu ni babu, na msiba wake haujaisha. Utaanuaje matanga wakati marehemu hajazikwa mzima?

Novemba 1, 2023 Rais Frank-Walter Steinmeier wa Ujerumani alikuja Songea, akaomba msamaha mbele ya wajukuu, akaahidi kwamba kichwa kitatafutwa. Ahadi hiyo ni ngumu kuitimiza. Mwaka huohuo taasisi inayosimamia makumbusho za Berlin ilitoa matokeo ya utafiti wa mafuvu 1,135 kutoka Afrika Mashariki, 197 kati yake yakihusishwa na Tanzania. Machache mno yalikutanishwa na ndugu walio hai. Waliochukua waliandika kidogo sana kuhusu ni nani wamemchukua.

Ndiyo maana filamu kama hii ina uzito kwangu kama mwandishi wa habari. Nduna Songea ana sanamu, ana mji, na sasa ana filamu. Wale wengine wa kaburi la pamoja nao wana wajukuu, hapa mjini na vijijini, na wazee wanaojua masimulizi yao wanapungua kila mwaka. Kamera ijayo ianzie kwao, mapema.