Waliohesabu Usiku wa Ifakara

Mama huwasha jiko la kwanza saa kumi na mbili na nusu jioni. La pili hungoja saa moja, giza likishashika, na hapo ndipo wateja huanza kuja: madereva wa bajaji wanaotaka vitumbua vya kubeba, wanachuo wanaohesabu sarafu kabla ya kuagiza, mafundi wenye saruji kwenye kope. Kijiwe chake kiko Viwanja Sitini, ndani ya mji wa Ifakara, na kina mabenchi mawili, meza moja, sufuria la wali lililofunikwa kwa sinia na mkaa juu, na kambale wa kukaanga waliopangwa kwenye beseni.

Julai mwaka jana nilirudi nyumbani na daftari. Nasoma shahada ya uzamili katika historia, na nilikuwa nimemwambia msimamizi wangu kwamba nataka kuandika historia ya usiku wa Ifakara: nani alikuwa macho, alikula nini, alikula na nani. Aliniuliza swali moja tu. Vyanzo viko wapi?

Usiku wa tatu, nikiwa nimekaa kwenye benchi la nyuma naandika bei za vyakula, mama aliniuliza la kwake.

“Baba, hiyo historia yako ina mbu?”

Nilicheka. Yeye hakucheka. Aligeuza vitumbua vyote saba, kimoja kimoja, ndipo akaendelea.

“Kaka yako nilikuwa namleta hapa. Nambeba mgongoni nakaanga mpaka saa nne usiku. Nataka kujua, yule mbu alimkuta hapa au alimkuta nyumbani?”

Kaka yangu alifariki kwa malaria mwaka 1994, akiwa na mwaka mmoja na miezi michache. Mimi nilizaliwa 1999. Nimemjua kwa jina tu, na kwa namna mama anavyonyamaza mtu akilitaja. Sikuwahi kujua kwamba miaka yote hiyo alikuwa akikaanga vitumbua pale pale, na swali hilo likiwa karibu naye.

Nilimwambia nitatafuta.

Nyaraka za wakoloni hulala mapema. Hilo nililiona tangu mwanzo. Wajerumani walijenga boma lao Mahenge, juu ya mlima, na bonde la Kilombero wakalitazama kutoka huko: kodi, askari, mpunga wa kulisha kikosi, na baada ya boma hilo kushambuliwa tarehe 30 Agosti 1905, vita vya Maji Maji na njaa iliyofuata. Waingereza walituachia kitabu kizima, Ubena of the Rivers, kilichotoka 1935, kazi ya afisa wa wilaya A. T. Culwick na mkewe G. M. Culwick, wakisaidiwa na Mtema Towegale Kiwanga. Kinaeleza koo, utawala, mashamba. Nilikisoma nikitafuta chakula cha jioni, nikajikuta nasoma mambo ya mchana. Siwalaumu sana. Afisa wa wilaya hurudi nyumbani jua likizama, na kinachobaki nje baada ya hapo hakina mhuri.

Basi nikaanza na kilichokuwa mkononi mwangu, yaani kitumbua.

Unga wake ni wa mchele wa hapa hapa, na mchele wa Ifakara hauhitaji utambulisho kwa mtu aliyewahi kununua mchele Kariakoo. Lakini mpunga huu asili yake ni Asia. Ulivuka Bahari ya Hindi hadi pwani yetu, ukapanda bara na wafanyabiashara, ukalikuta bonde ambalo mto hulifurika kila masika na kuliachia tope jeusi. Majina ya mbegu za wenyeji yanafaa kusomwa kama kumbukumbu: Supa India, iliyobeba anwani yake yenyewe, Shingo ya Mwali, Kula na Bwana. Hili la mwisho nalipenda kuliko yote. Mtu fulani, mkulima asiyeandikwa popote, alionja wali ule akaona haufai kuliwa peke yako.

Usiku mmoja nilimwonyesha mama video ya soko la usiku la Bangkok. Mwanamke mmoja alikuwa anamimina unga wa mchele na tui la nazi kwenye chuma chenye vishimo vya duara, juu ya mkaa, kando ya barabara. Chakula hicho wao hukiita khanom krok. Mama aliitazama mara mbili.

“Huyo chuma chake amenunua kwa nani?” aliuliza, kama vile Bangkok ni Kibaoni na angeweza kwenda kesho.

Sidai kwamba mmoja alimfundisha mwenzake. Naona tu kwamba mchele, mahali pengi ulipofika, ulikutana na mwanamke mwenye jiko dogo na watu wenye njaa baada ya kazi.

Bibi yangu, mama yake mama, naye aliuza usiku. Yeye aliuzia treni. Ujenzi wa TAZARA ulianza 1970, na kufikia Novemba 1971 reli ilikuwa imetoka Dar es Salaam hadi Mlimba, kilomita 502, ikipita Ifakara njiani. Njia yote mpaka Kapiri Mposhi, kilomita 1,860, ilikabidhiwa rasmi 1976. Vitabu vingi vinaizungumzia kama reli ya uhuru, ya kuiokoa Zambia isitegemee bandari za walowezi, na ni kweli. Jamie Monson, mwanahistoria wa Marekani, aliandika kitabu mwaka 2009 kinachowaangalia pia wakulima na wachuuzi wa kando ya reli hiyo, na humo kwa mara ya kwanza nilihisi harufu ya sufuria la bibi. Treni za abiria zilifika usiku. Bibi alikuwa akisema treni ikiwahi ni hasara, maana watu hawajapata njaa. Ikichelewa, wanatoa vichwa madirishani kabla haijasimama. Wali na samaki kwenye jani la mgomba. Chenji ilihesabiwa kwa vidole, kwa kuwa koroboi lilizimwa na upepo wa mabehewa.

Koroboi hilo linanishangaza mpaka leo. Kidatu, bwawa linalozalisha umeme wa megawati 204, liko pembezoni mwa bonde hili la Kilombero. Nyaya zikapita juu zikaenda kuwasha miji mingine, na mama akaanza biashara yake mwaka 1992 kwa kibatari.

Lakini hakuna hata kimoja katika hivyo kilichojibu swali lake. Jibu, kama lipo, lilikuwa kwa mjomba.

Mjomba wangu, mdogo wake mama, alikuwa mkamata mbu. Hiyo ilikuwa kazi yake miaka ya tisini, katika mradi mmoja wa utafiti vijijini. Watu wa nje hushangaa nikisema hivyo. Ifakara ni ajira kama ualimu. Rudolf Geigy, mwanazoolojia wa Basel, alifika hapa 1949, na mwaka 1957 Taasisi ya Tropiki ya Uswisi ikafungua maabara yake mjini petu. Maabara hiyo ndiyo iliyokua ikawa Taasisi ya Afya Ifakara. Kwa zaidi ya nusu karne mji huu umekuwa miongoni mwa mahali ambapo mbu wamesomwa kwa karibu mno duniani. Pale Kining'ina kuna mabanda makubwa ya wavu yenye nyumba na mimea ndani, ambamo mbu hufugwa na kuchunguzwa, na wenyewe wanapaita Jiji la Mbu.

Nilimkuta mjomba uani akitengeneza pampu ya baiskeli.

“Shikamoo mjomba.”

“Marahaba mjomba. Mama yako ameniambia. Kaa.”

Akanieleza kazi ilivyokuwa. Mtu mmoja anakaa ndani ya nyumba, mwingine nje. Unakunja suruali hadi magotini. Saa kumi na mbili jioni unaanza, saa kumi na mbili asubuhi unamaliza. Mbu akitua mguuni unamwangazia tochi, unamvuta kwa mdomo kupitia neli yenye kizuizi cha wavu, unampuliza kwenye kikombe cha karatasi. Kila saa ina kikombe chake. Walipewa dawa ya kuzuia malaria, wakapokezana ili wasisinzie. Baada ya hapo vikombe vilikwenda maabara.

Kisha akaingia ndani akatoka na karatasi, fomu tupu aliyoihifadhi kwenye sanduku pamoja na cheti chake cha ubatizo. Safu kumi na mbili, moja kwa kila saa ya usiku. Mstari mmoja wa ndani, mmoja wa nje.

Niliiangalia kwa muda mrefu. Mwaka mzima nilikuwa nikitafuta mtu aliyeandika usiku wa bonde hili saa kwa saa, nikiwasaka wamisionari na maafisa. Aliyeuandika ni mjomba, akiwa amekunja suruali.

Nikarudi kwenye tafiti zilizochapishwa kutokana na fomu kama hizo, safari hii nikizisoma kama mwanahistoria anavyosoma daftari la bandari. Mwanzoni mwa miaka ya 1990, katika kijiji cha Namawala, humu humu bondeni, mtu aliumwa kwa wastani na mbu wenye vimelea vya malaria zaidi ya mara 300 kwa mwaka. Karibu kila usiku, yaani. Na mbu waliokuwa na nguvu wakati huo, Anopheles gambiae na Anopheles funestus, walikuwa na desturi inayojulikana vizuri: waliingia ndani, na waliuma zaidi usiku wa manane, baada ya saa sita, watu wakiwa wamelala fofofo.

Saa nne usiku mama alikuwa akizima jiko na kumbeba kaka yangu kwenda kulala.

Mwaka 1997 ulianza mradi wa kuuza vyandarua kwa bei nafuu katika wilaya za Kilombero na Ulanga, kwa jina la Zuia Mbu. Vilipita kwa wenye maduka, kwa viongozi wa vijiji, kliniki. Matokeo yalitoka katika jarida la Lancet mwaka 2001: kwa watoto wa kuanzia mwezi mmoja hadi miaka minne, vyandarua vilivyotiwa dawa viliongeza uwezekano wa kuishi kwa asilimia 27. Mama alinunua kimoja akiwa na mimba yangu. Nimelala ndani ya takwimu hiyo.

Ningependa kuishia hapo, maana hadithi ingependeza. Ila vyandarua vilibadilisha pia mbu waliobaki. Utafiti uliochapishwa 2011, uliofanyika katika bonde hili hili, ulionyesha kwamba baada ya vyandarua kuenea, sehemu ya mbu wanaouma nje ilikuwa imeongezeka. Gambiae mwenyewe karibu ametoweka, na leo funestus ndiye anayebeba malaria nyingi hapa, akisaidiwa na wengine wasiosubiri ulale. Maana yake benchi la mama, saa mbili usiku, lina hatari kwa mteja wa leo inayozidi kidogo sehemu yake ya zamani, ingawa malaria kwa jumla imepungua sana. Vijana wanaokula chipsi mayai kando ya barabara huku wakijipiga vifundo vya miguu wanaandika mstari wa nje wa fomu ya mjomba bila kujua.

Nilimwambia mama Jumapili, kabla wateja hawajaanza kuja. Mjomba naye alikuwepo. Nilimweleza polepole: mbu wa miaka ile, wengi wao, walikuwa wa ndani, wa saa saba na saa nane usiku. Nikamwambia pia kwamba hesabu hizi ni za watu wengi kwa pamoja, haziwezi kumtaja mbu mmoja wala mtoto mmoja.

Alichota unga akamimina. Vishimo vyote saba.

“Kwa hiyo ningekaa naye hapa mpaka asubuhi,” alisema.

Sikuwa na la kusema. Alimgeukia mjomba.

“Na wewe ulikuwa unajua?”

“Dada, sisi tulikuwa tunakamata na kuandika saa. Vikombe vinaondoka.”

“Saa nane ulikuwa unakamata wengi?”

“Saa nane ndiyo ilikuwa yenyewe. Hata kupangusa jasho huwezi.”

Mama alitikisa kichwa taratibu. Bajaji ya kwanza ilisimama, dereva akaomba vya elfu moja. Alivifunga kwenye gazeti, akapokea noti, akarudisha chenji. Halafu akamwambia mjomba asogeze benchi karibu na jiko, moshi huwafukuza kidogo, akamwekea wali na kipande cha mkia wa kambale, akaniambia nami nifunge daftari nile.